Mstari wa Nne wa Tarehe Kumi na Nane

Kalenda ya mwaka huu ilikuwa na tukio moja ambalo lilikuwa bado halijatokea. Lilikuwa kwenye karatasi ya tarehe kumi na nane, mwezi wa tisa, mstari wa nne. Aliyeligundua ni mke wa mpanga herufi, asubuhi ya Jumapili ya kwanza ya mwezi wa nane, akiwa amesimama jikoni na kikombe mkononi, akifunua karatasi za mbele.

Ilikuwa kalenda ya kuchana, ile yenye karatasi moja kwa kila siku, na chini ya tarehe palikuwa na mistari minne iliyoitwa "Siku Kama ya Leo". Karibu kila nyumba ilikuwa nayo, kwa sababu mtu alihitaji kujua. Siku ya mafuriko watu walivaa viatu vya mpira hata kama jua linawaka, maana maji yangefika vifundoni humo majumbani na kukaa hadi adhuhuri, kisha yangeondoka bila kuacha tope. Siku ya mfalme kuvuliwa taji, mwenye kofia aliishika kwa mkono. Matukio yalirudi kila mwaka kwa tarehe yake, yote ya tarehe hiyo kwa pamoja, na yalirudi yamechoka. La miaka mia tatu lilisumbua kama nzi. La miaka themanini lilikulowesha. La juzijuzi lilikuwa na nguvu zaidi, na watu walikaa nalo mbali.

La mwaka huuhuu halikuwa limewahi kuonekana kwenye kalenda, kwa sababu kalenda huchapwa mwaka ukiwa bado haujaanza.

"Baba Pacha," mke alisema, "hebu njoo usome hapa."

Mpanga herufi alivaa miwani akasoma. Mstari wa kwanza, malkia wa nchi ya mbali alifariki kitandani. Wa pili, daraja la chuma lilifunguliwa. Wa tatu, meli ya abiria ilizama na watu mia mbili. Wa nne, kiwanda cha sare kiliungua, wafanyakazi thelathini na mmoja walikufa, mlango ulikuwa umefungwa kwa kufuli. Hayo yote yalikuwa kweli. Moto ule ulitokea miaka arobaini na moja iliyopita. Lakini mwaka uliopigwa chapa mbele ya mstari haukuwa ule. Ulikuwa huu.

"Umeweka mwaka huu," mke alisema.

"Naona."

"Mimi nafanya kazi pale."

"Najua unafanya kazi pale, Mama Pacha."

Mke alikunywa chai iliyobaki, akaosha kikombe, akakifuta, kisha akakiosha tena.

Ilivyotokea ni hivi. Katika matbaa, kiwanda cha uchapaji alikofanya kazi mume, herufi za kalenda za madini ya risasi hazivunjwi. Kila siku ina fungu lake la herufi lililofungwa uzi, na mafungu mia tatu sitini na tano hukaa kwenye droo mwaka hadi mwaka. Mwezi wa kumi mpanga herufi huyatoa mojamoja, hubadilisha jina la siku, hung'oa mwaka wa zamani kwenye kona ya juu na kupachika mpya, hufunga uzi, hurudisha. Alipofika kwenye fungu la tarehe hiyo ya kumi na nane alikuwa ameshabadilisha mwaka wa kona. Akaitwa kwenye chai. Aliporudi, mkono wake uliendelea pale ulipodhani umeishia, ukang'oa mwaka mwingine uliokuwa karibu, wa mstari wa nne, na kupachika mpya. Bosi, mwenye matbaa, ndiye msahihishaji, naye husoma kila ukurasa kuanzia neno la mwisho kurudi la kwanza, ili maana isimwondoe macho kwenye herufi. Hakukuwa na herufi iliyokosewa. Alitia sahihi.

"Kosa ni langu," mpanga herufi alimwambia Jumatatu.

"Kosa ni la nani, hiyo baadaye. Zilitoka ngapi?"

Mashine ina kihesabio. Zilikuwa nakala elfu nne mia moja themanini na tano. Bosi aligawa kwa thelathini na moja kwenye kipande cha karatasi, akapata mia moja thelathini na tano, bila baki. Aliigawa tena. Alikuwa mtu aliyependa hesabu, lakini safari hii angefurahi kuona baki.

Wote wawili walijua hesabu hiyo ina maana gani. Mwaka mmoja nusu ya kalenda zilitoka na nzige wa mwezi wa tatu kwenye mwezi wa tano, na mwezi wa tano ukaja nusu ya nzige. Tukio huja kwa kadiri lilivyoandikwa. Kwa hiyo kila kalenda mia moja thelathini na tano zikirekebishwa, mwanamke mmoja angetoka kiwandani akiwa hai. Zikibaki zilivyo, wangekufa wote thelathini na mmoja, na moto wenyewe haungekuwa ule uliochoka.

Ule uliochoka kila mtu aliujua. Kila tarehe kumi na nane, saa nne na dakika ishirini, wanawake mia moja arobaini waliokaa kwenye cherehani walisikia joto migongoni na harufu ya pamba inayoungua. Walifunga vitambaa vibichi puani. Halafu mlango wa chuma ulianza kugongwa kutoka ndani, mikono mingi, ingawa hapakuwa na mtu aliyesimama pale. Uligongwa robo saa. Ukinyamaza, walifungua vitambaa na kuendelea kushona.

"Kuna njia fupi," Bosi alisema. "Meli ni tarehe hiyohiyo. Tukiichapa nayo kwa mwaka huu, tukagawa karatasi mpya, maji yatakuja ya kutosha. Moto utazimika."

"Na abiria?"

"Abiria gani?"

"Mia mbili, Bosi. Watakuja na meli yao."

Bosi alikunja kile kipande cha hesabu, akakitia mfukoni.

"Basi kanunue unga wa gundi," alisema.

Walichapa vibandiko vidogo kama ukucha wa kidole cha mwisho, kila kimoja na mwaka ule sahihi. Walichukua daftari la wateja wakagawana mitaa. Watu sita wa matbaa, na Bosi wa saba, walizunguka wiki tano wakiwa na makopo ya gundi na brashi. Waliingia kwenye maduka, zahanati, ofisi za ushuru, vyumba vya kulala vya watu wasiowajua. Wengine waliruhusu karatasi yenyewe ichanwe. Wengi walikataa, kwa sababu mtu hawezi kukaa bila taarifa za meli.

"Unabandika nini ukutani kwangu?" kinyozi mmoja aliuliza, wembe ukiwa shingoni kwa mteja.

"Mwaka."

"Mwaka gani?"

"Wa zamani."

"Wote wanaokuja hapa wananiomba niwapunguzie miaka. Wewe unaniletea ya ziada. Haya, bandika."

Mteja alicheka kwa uangalifu, kwa ajili ya wembe.

Jioni mpanga herufi alirudi na vidole vimegandana. Mkewe alimwekea maji ya moto ya kuloweka, akakaa mbele yake.

"Leo mmewatoa wangapi?"

"Wawili na nusu."

"Nusu ipi, ya juu au ya chini?"

Mpanga herufi alizamisha vidole majini. Mke ndiye aliyekuwa na desturi ya kutania anapoogopa, na wiki hizo alitania sana. Usiku alilala ubavuni mwake, macho wazi. Mara moja mume alimwambia asiende kazini siku hiyo, aseme anaumwa.

"Nikikaa hapa, kiti changu atakikalia mwingine," alisema. "Moto hauna orodha ya majina. Una idadi tu."

Kufikia tarehe kumi walikuwa wamebandika elfu tatu mia tisa na mbili. Zilibaki mia mbili na sabini, zote za mteja mmoja, ambaye ni Tajiri, mwenye kiwanda cha sare. Alikuwa amezinunua kuwapa wateja wake zawadi. Daftari bado lilipungua nakala kumi na tatu ukilinganisha na mashine, lakini Bosi alisema hizo zitakuwa zilikatwa vibaya na kisu zikatupwa, na mpanga herufi akakubali, maana kila mwaka kisu huharibu kidogo.

Tajiri aliwapokea vizuri. Ofisi yake ilikuwa juu ya chumba cha cherehani, na sakafu ilitetemeka kidogo kama mtu anayesikia baridi. Kalenda ilikuwa ukutani nyuma yake. Alivaa miwani, akafunua karatasi hadi mwezi wa tisa, akasoma, akavua miwani.

"Huyu ni marehemu baba yangu," alisema, akigusa mstari wa nne. "Kila mwaka mnamwandika."

"Tunaomba majina ya uliowapa zile kalenda," Bosi alisema. "Tutawafuata wenyewe, hata walio mbali. Na siku hiyo moja mlango usifungwe."

"Mnataka niwaandikie wateja wangu kwamba kiwanda changu kitaungua wiki ijayo? Nani ataagiza sare hapa?"

"Hatutawaambia sababu."

"Mtabandika mwaka kwenye kalenda ya mtu bila kumwambia sababu." Alitabasamu. "Wazee wangu, mimi nimesoma shule na watu hao. Na mlango nikiuacha wazi, vitambaa vitatoka vyenyewe kwa miguu. Baba aliufunga miaka thelathini, na kiwanda kipo."

Mpanga herufi alisema, "Mke wangu yuko chini hapo. Cherehani ya tisa, mstari wa dirishani."

"Namfahamu. Mchapakazi." Tajiri alifikiri kidogo. "Hizo zangu mia mbili na sabini, kwa hesabu yenu, ni wangapi?"

"Wawili."

"Wawili," Tajiri alisema, na mabega yake yakashuka kama mtu aliyetua mzigo. "Mmenitisha bure. Si mliandika thelathini na mmoja?"

Aliahidi ndoo sita za mchanga, na alizileta kweli. Siku ya pili yake palibandikwa tangazo mlangoni: atakayekosa kazi tarehe kumi na nane asirudi tarehe kumi na tisa.

Kwa hiyo wiki hiyo ya mwisho wanawake mia moja arobaini walishona wakijua idadi ni wawili. Idadi ilipokuwa thelathini na mmoja walikuwa wakiongea, wakilia, wakiimba hata. Sasa waliacha. Kila mmoja alikuwa akimtazama mwenzake aliye mbele na kuombea afya yake kwa namna ambayo hakutaka kuichunguza. Jirani wa mke wa mpanga herufi, cherehani ya kumi, aliitwa Mrefu, kwa sababu alikuwa mfupi kuliko wote. Yeye peke yake aliendelea na mdomo wake.

"Wawili kati ya mia na arobaini," alisema. "Mimi sijawahi kushinda bahati nasibu yoyote maishani. Nitaanzia hapa?"

"Nyamaza, shoga."

"Nyamaza wewe. Kama ni mimi, uchukue mto wangu wa kukalia. Ukichukuliwa na yule wa cherehani ya kumi na moja, nitarudi."

Tarehe kumi na nane iliangukia siku ya Alhamisi. Asubuhi hiyo hakuna aliyeichana kalenda nyumbani kwa mpanga herufi. Ilibaki kwenye kumi na saba, kila mtu akiipita kwa ubavu. Mabomba yalitoa maji ya chumvi, kwa ajili ya meli. Kwenye barabara ya daraja palikuwa na utepe mwekundu uliokatika kila gari lilipopita na kujiunga tena. Kengele za malkia zililia mahali fulani chini ya ardhi. Pacha walivaa sare za shule. Mama yao aliwafunga vifungo hadi cha shingoni, akavifungua, akavifunga tena, mpaka mmoja akamwambia, "Mama, ananyongeka."

Mpanga herufi hakwenda kazini. Saa nne kasorobo alikuwa nje ya mlango wa kiwanda, ameshika mtaimbo aliouazima kwa fundi wa jirani. Mlinzi alikuwa amekaa kwenye kiti chake, chini ya lile tangazo. Watu wote walimwita Shemeji, na yeye aliitika.

"Shemeji," mpanga herufi alisema, "nifungulie."

"Ufunguo sina. Uko juu, mfukoni kwa Tajiri. Mimi hulinda kufuli tu."

"Nitalivunja."

"Ukilivunja bila moto, utafungwa wewe. Subiri kwanza moto." Alisema hivyo kwa upole, kama mtu anayemwonyesha mgeni foleni.

Kwa hiyo alisubiri. Saa nne na dakika ishirini harufu ya pamba ilitoka chini ya mlango. Mikono ilianza kugonga.

"Hao ni wale wa kila mwaka," mlinzi alisema.

Mpanga herufi aliweka sikio kwenye chuma. Kweli walikuwa wale. Aliwajua, kila mwaka siku hiyo, akipita, alikuwa akiwasikia kutoka barabarani. Waligonga kwa mpango mmoja, kama mvua ya zamani. Moshi ulikuwa mwepesi, wa kijivu, ule uliochoka. Aliuinua mtaimbo akaushusha. Kama moto wa mwaka huu ulikuwa umeanza, hakuwa na namna ya kuujua kwa macho, kwa sababu wa zamani ulikuwa umesimama mbele yake.

"Si nimekwambia," mlinzi alisema.

Mpanga herufi alikuwa bado ameinamia mlango. Maji ya chumvi yalikuwa yakipita miguuni mwake kuingia ndani, na upande wa pili alisikia wanawake wakiyachota kwa ndoo na kuyamwaga. Hayakusaidia kitu. Yalikuwa maji ya miaka themanini.

Kisha, kati ya mikono yote ile, alisikia mmoja uliogonga mara tatu, ukapumzika, ukagonga mara moja. Ndivyo mkewe alivyogonga mlango wa bafu nyumbani kila asubuhi, kumwambia atoke, wengine wanachelewa.

Aliingiza mtaimbo kwenye kufuli. Halikukubali mara ya kwanza wala ya pili. Alipiga kelele kumwita mlinzi amsaidie, na mlinzi akatazama upande wa daraja na kusema, "Mimi sijakuona." Mara ya tano kufuli lilifunguka.

Moto uliotoka haukuwa mkubwa. Ulikuwa wa kiasi cha watu wawili, lakini ulikuwa mpya, mwekundu, na wenye sauti. Wanawake walitoka wakikanyagana, vitambaa puani. Mkewe alitoka akiwa ameshikilia mkono wa kushoto kwa wa kulia. Mlango ulikuwa wa chuma na ulikuwa umekuwa wa moto, naye alikuwa ameugonga kwa mkono huo huo muda wote, kwa kuwa wa kulia ndio alioshonea, na alikuwa ameamua kuutunza.

"Nilikugongea," alisema.

"Nilisikia."

"Nilikugongea mapema."

"Nilidhani ni wale."

Waliohesabiwa nje walikuwa mia moja thelathini na wanane. Tajiri alishuka ngazi ya nyuma na ufunguo mkononi, akaona mlango umefunguka, akaurudisha mfukoni.

Jioni, baada ya daktari kumaliza kazi yake kwenye ule mkono na kumwambia kuwa mkewe atalala hospitalini, mpanga herufi alirudi nyumbani kuwapa pacha chakula. Alipoingia jikoni aliichana karatasi ya kumi na saba ili siku iishe. Chini yake palikuwa na ya kumi na nane, mstari wa nne, mwaka huu. Haikuwa na kibandiko.

Alikaa chini sakafuni. Katika matbaa ile kila mfanyakazi huchukua kalenda mbili mwisho wa mwaka, moja yake na moja ya ukweni, na Bosi huchukua moja, maana hana wakwe. Hazijawahi kuandikwa daftarini. Watu sita mara mbili ni kumi na mbili, na ya Bosi kumi na tatu. Wote saba walikuwa wamezunguka mji mzima na gundi wiki tano, na hakuna aliyeibandika ya kwake, kwa sababu wao walikuwa wanajua tayari.

Kalenda kumi na tatu hazitoshi kuua mtu. Ni karibu sehemu ya kumi ya mtu. Ni kama mkono.

Mwezi wa kumi alifungua droo, akatoa fungu la tarehe kumi na nane. Alirudisha mwaka wa zamani kwenye mstari wa nne, kisha akapanga mstari wa tano: kiwanda cha sare kiliungua, wafanyakazi wawili walikufa, mlango ulikuwa umefungwa kwa kufuli. Karatasi haikutosha. Kalenda ina nafasi ya mistari minne na nusu. Bosi aliusoma kuanzia mwisho kurudi mwanzo, na neno la kwanza alilolikuta lilikuwa kufuli.

"Tajiri ameagiza mia tatu safari hii," alisema. "Toa yote yanayofuata 'walikufa'. Hapo itaingia."

Mpanga herufi alizitoa herufi za mlango mojamoja, akazirudisha kwenye vijumba vyake. Ziliingia vizuri kwenye kazi nyingine.

Gharama yake ni hii. Alikufa Mrefu, aliyeacha watoto watatu, mama mzazi na mto wa kukalia, ambao sasa uko cherehani ya tisa. Alikufa pia mwanamke wa cherehani ya hamsini na mbili, aliyekuwa ameanza kazi Jumatatu ya wiki hiyo, na mwenye jina ambalo wenzake walilisikia kwa mara ya kwanza kaburini. Ulikwenda mkono mmoja wa kushoto. Zilimwagwa ndoo sita za mchanga. Na likavunjika kufuli moja, ambalo Jumatatu iliyofuata lilipatiwa badala yake, kubwa kidogo kuliko lile.